Kamba ya Hatua Sabini

Mkono niliompigia mtoto wangu ni huu wa kulia, ule ninaomenyea mayai. Naanza na hilo kwa sababu nikiliacha hadi mwisho nitalipaka rangi. Ilikuwa Jumamosi saa nane mchana, mwezi wa kumi, Kitale, ndani ya chumba chetu kimoja, mvua inapiga mabati. Alikuwa ameketi sakafuni na vifuniko vyake vya soda, mia moja kamili, ambavyo mwalimu wao wa gredi ya sita alikuwa ameagiza. Shule za siku hizi haziishi kuagiza. Leo makaratasi, kesho udongo, kesho kutwa vifuniko, na mzazi ndiye wa kuokota. Nilikuwa nimeviokota wiki nzima nyuma ya baa zilizo karibu na mahali ninapouzia mayai ya kuchemsha, nimeinama kama mtu aliyepoteza jino, wanaume wakiniuliza, "Mrembo, umeangusha nini?"

Akainua uso. "Mami, kipeuo cha pili cha mia ni ngapi?"

"Hamsini."

Sikufikiri. Lilitoka vile mtu husema "poa" akisalimiwa. Naye akacheka, kicheko cha mtoto tu, hakina ubaya. "Mami! Hiyo si ni nusu, bana!"

Nikamzaba kofi.

Alikuwa na miaka kumi na mmoja. Hakulia. Alishika shavu akaniangalia vile mtu anavyomwangalia mbwa wa jirani ambaye hajawahi kuuma.

Lile kofi halikutoka Kitale. Lilitoka Bungoma, na lilikuwa limesafiri miaka mingi kufika kwenye shavu lile.

Nilisoma shule ya bweni ya wasichana pande za Kibabii. Kidato cha kwanza tulikuwa wengi, tumebanana watatu watatu kwenye dawati la wawili, na mwalimu wetu wa hesabu alikuwa mtu mfupi mwenye kalamu tatu mfukoni na fimbo ya mpera mkononi. Siku ya vipeuo aliingia, hakusalimu, akachora ubaoni ile alama iliyo kama tiki iliyovutwa mkia. Chini ya mkia akaandika nne.

"Jibu?"

Hakuna aliyekuwa ameambiwa chochote. Sijui kilichonituma. Nikanyosha mkono nikasema, "Mbili."

"Vizuri. Kaa."

Hilo "vizuri" ndilo lililoniharibu. Nilitazama nne, nikatazama mbili, nikaona nusu. Wewe ungeona nini? Ukiacha sifuri, nne ndiyo namba pekee ambayo nusu yake na kipeuo chake ni kitu kimoja, na huyu mtu, kati ya namba zote ambazo Mungu aliumba, aliichagua hiyo kutufungulia mlango.

Akaifuta nne, akaandika kumi na sita. Mimi huyo nimeshainuka nusu kabla hajageuka, furaha imenijaa hadi kooni, maana siku hizo nilikuwa bado mtoto wa kutaka kupendwa na walimu.

"Nane!"

"Ngapi?"

"Nane, mwalimu."

"Njoo hapa mbele unieleze vizuri."

Alinichapa nane. Alihesabu mwenyewe kwa sauti, kimoja kimoja, kama anayefundisha. Alipomaliza akawageukia wenzangu, akasema, "Angejua jibu angekula nne tu." Darasa likacheka. Nusu yao walikuwa na nane vichwani mwao pia, nilijua, ndiyo maana walicheka kwa nguvu. Na mimi nilicheka. Mikono inawaka, machozi yako karibu, na mdomo wangu unacheka ili nisionekane mtu wa kununa. Viboko nimevisamehe. Kile kicheko changu ndicho sijakisamehe.

Hakusema kwa nini ni nne. Aliandika nne ubaoni akaendelea na ishirini na tano. Na nje ya dirisha, karibu kiasi cha kurusha chaki ikafika, kulikuwa na kitalu cha sukuma wiki tulichopanda wenyewe, mistari minne, kila mstari miche minne. Tulikimwagilia maji kila jioni. Angetutoa nje dakika mbili tu. Angesema, hesabuni miche yote, kisha hesabuni ya ukingo mmoja. Tungeona kwa macho yetu kwamba kumi na sita ikipangwa sawa kila upande, upande wake ni nne, na upande huo ndio kipeuo. Basi! Mtoto wa chekechea angeelewa. Lakini hapana, tulibaki ndani na ile tiki yenye mkia.

Nilichofanya ni kukariri. Moja, nne, tisa, kumi na sita, ishirini na tano, thelathini na sita, nilizisema nikifua, nilizisema nikipanga foleni ya uji, kama Baba Yetu. Niliijua miraba kamili yote hadi mia nne, na sikujua hata mmoja ni mraba wa kitu gani. Mtihani haukuuliza hivyo, na mimi sikuthubutu kuuliza. Nilishajiandika kichwani kwamba mimi ni mjinga wa hesabu, na mtu akishajiandika hivyo, ni nani atamfuta?

Kidato cha tatu nikapata mimba. Sitasema mengi hapo, baba wa mtoto hana sehemu kwenye hadithi hii kama ambavyo hakuwa na sehemu kwenye kulea. Nilirudi nyumbani Ndalu nikijua nitauawa. Mama yangu alikuwa ameshafariki, tumebaki na Baba peke yake, mtu wa maneno machache na ng'ombe wawili. Baba hakunigusa. Siku ya tatu akasema, "Utazaa. Mtoto atakaa na mimi. Wewe utarudi umalize." Na ndivyo ilivyokuwa. Mtoto akiwa na miezi mitano nilirudi shule maziwa yanavuja kwenye sweta, na yule mzee akabaki anambeba mjukuu wake mgongoni akikama, watu wakipita wanamcheka, "Siku hizi wewe ni nyanya!" Naye anawajibu, "Na mnakuja kuomba maziwa kwa nyanya."

Nilimaliza kidato cha nne. Hesabu nilipata D. Nikaja Kitale kutafuta riziki, na mtoto alipofika umri wa shule nikamchukua.

Baba alikuwa na eka moja. Huku kwetu eka haipimwi kwa mashine. Inapimwa kwa miguu ya mtu mzima, hatua sabini upande huu, hatua sabini upande ule, na kila mkulima kutoka Ndalu hadi Kimilili anajua hiyo sabini kwa sabini kama anavyojua jina lake. Baba hata alikuwa amekata kamba ya nailoni ya urefu huo, hatua sabini barabara, aliyoinyosha kila msimu ili mistari ya mahindi isipinde. Ilining'inia kwenye msumari ndani ya stoo.

Alipougua na kuona hainuki tena, aliita watu wawili, ndugu yake mdogo na mzee wa kijiji, akasema mbele yangu, "Nusu ya shamba ni ya huyu msichana na mtoto wake. Nusu ni ya ndugu yangu." Kwetu msichana hapewi shamba. Msichana anaolewa, na asipoolewa ni shauri yake. Neno lilienea, na kwenye matanga wazee wengine wa ukoo waliondoka bila kunywa chai, kuonyesha hawakubaliani. Lakini neno la mtu anayekufa ni zito, wakaliacha.

Tulipima mwezi wa saba, wiki chache baada ya mazishi. Mahindi aliyopanda Baba mwenyewe yalikuwa yamepita kichwa cha mtu. Nilikuwa nimeomba kona ya barabarani, nikiwaza siku moja nitajenga kibanda pale niuze vitu, na baba mdogo hakukataa. Nilimwita Baba, kama desturi inavyotaka, na yeye aliniita mayi, yaani mama, ndivyo mwanamke anavyoheshimiwa kwetu. Alishika ile kamba ya marehemu. Kulikuwa na wanaume watano na mimi.

"Kona ni yako, mayi, sawa. Sasa nusu ya sabini ni ngapi? Si wewe ndiye msomi hapa?"

Wote wakanigeukia. Nilijua ni kejeli, na nilijua pia kwamba hii ilikuwa mara ya kwanza wanaume wa ukoo kuniuliza kitu. Nikasimama wima.

"Thelathini na tano."

"Mmesikia? Thelathini na tano." Akaikunja kamba katikati, ncha kwa ncha. Wakapima kutoka kwenye kona kando ya barabara, kamba ilipoishia wakapiga kigingi. Wakapima kutoka kona ile ile kando ya ua wa shamba, wakapiga kigingi cha pili. Hatukuingia ndani. Nani ataingia ndani ya mahindi ya mwezi wa saba, majani yamkate uso? Tulirudi barabarani tukasimama tukaangalia. Kigingi kilikuwa katikati kabisa ya upande ule. Hata mtu mwenye jicho moja angesema ni nusu.

"Nusu ya kamba, nusu ya shamba," mzee wa kijiji akasema. "Imeisha. Nani ana mwandiko mzuri?"

Mwandiko mzuri ulikuwa wangu. Niliandika: nusu ya shamba, yaani hatua 35 kwa hatua 35, kona ya barabarani. Nikapiga mstari kwa rula. Tukatia sahihi. Ile karatasi ilikuwa safi hadi nikajivunia.

Baba mdogo alipanda mkonge kwenye mpaka kabla ya mwezi kuisha.

Msimu wa kwanza baada ya hapo nilivuna magunia manne. Yeye alivuna kumi na matatu. Nilisimama pale nikayahesabu mara mbili. "Baba, mbona hivi? Si shamba ni moja?"

"Ni mbolea, mayi. Nyinyi watu wa mjini mnapanda kama mnarushia kuku." Waliokuwa wakipakia wakacheka.

Msimu wa pili niliongeza mbolea. Nilikuja kutoka Kitale kila Jumamosi, nikapalilia mara tatu pale wengine wanapopalilia mara mbili, kucha zikageuka nyeusi, wateja wangu wa mayai wakahamia kwa mwanamke mwingine. Magunia manne na nusu. Msimu wa tatu manne. "Shamba linamjua mwenyewe," baba mdogo akaniambia, taratibu, kama mtu anayekupa pole. Na mimi niliamini. Unaona? Niliamini mikono yangu ni mibaya, kama nilivyoamini kichwa changu ni kibaya. Nilikuwa na uzoefu wa kuamini mambo hayo.

Sasa turudi kwenye vifuniko.

Baada ya kofi nilikaa kitandani. Mtoto aliendelea kupanga. Alipanga mistari kumi, kila mstari kumi, vikakaa sawa kama askari wa gwaride. "Kumi mara kumi ni mia," akaiambia sakafu, siyo mimi. "Upande ni kumi. Kwa hivyo kipeuo cha pili cha mia ni kumi."

Niliuona. Katika umri wangu huu, mzazi, mwenye cheti, ndiyo mara ya kwanza niliuona mraba wenye namba ndani yake. Sikutaka kusema samahani kwa sababu nilikuwa na hasira bado, sijui na nani. Nikasema tu, "Toa nusu."

"Nusu ya vyote?"

"Nusu. Anza kwenye kona." Nikashuka nikamwonyesha kwa kidole. Ukingo huu hesabu vitano, ukingo ule hesabu vitano, kata hapo. Akakata. Akavisogeza pembeni vile vya kona, akavihesabu, akasita.

"Mami." Mkono wake tayari ulikuwa umekinga shavu. "Hii si nusu. Hii ni ishirini na tano. Hii ni robo."

Vilivyobaki vilikuwa na umbo la kiti kilichogeuzwa, kipana huku, kipana kule. Nikaangalia ile kona ndogo. Nikaangalia kile kiti. 

"Na kama upande ni sabini," nikasema, "ukate thelathini na tano?"

Alichukua penseli. Sabini mara sabini, elfu nne mia tisa. Thelathini na tano mara thelathini na tano, elfu moja mia mbili ishirini na tano. Akazidisha hiyo mara nne, ikarudi elfu nne mia tisa bila kubakisha kitu. Alinionyesha karatasi kwa mbali, amenyosha mkono wote, ili asinikaribie.

Ningeenda Ndalu siku ile ile na mvua yake. Lakini mahindi yalikuwa bado yamesimama, na nilishajifunza mahindi marefu yanaweza kuficha nini. Nilingoja. Wiki saba nilimenya mayai nikiirudia ile hesabu ya mtoto, na mteja akiniuliza, "Mbona umenuna, si utabasamu," nilimwekea pilipili hadi akakohoa.

Mwezi wa kumi na mbili, shamba limevunwa, liko tupu kama kiganja, tulienda mimi na mtoto. Nilimpitia mzee wa kijiji kwanza nikamwambia aje. Baba mdogo tulimkuta amekaa kwenye kigoda anapukuchua mahindi.

"Mulembe, Baba." Ndiyo salamu yetu, amani.

"Mulembe, mayi. Umefuata gunia zako nne?" Akamcheka mtoto pia, "Na huyu ni wa kubeba?"

"Nimekuja kupima."

"Kupima nini tena? Si ilipimwa."

Nikaingia stoo. Kamba ilikuwa bado kwenye ule msumari wa stoo. Nikaitoa, nikaikunja ncha kwa ncha kama alivyoikunja yeye, tukaanza. Mtoto alishika jembe akachora mstari ardhini kila kamba ilipoishia. Shamba likagawanyika mbele ya macho yetu, kona ya barabarani, kona inayofuata, kona ya nyuma, kona ya mwisho. Vipande vinne, vyote thelathini na tano kwa thelathini na tano. Mtoto akasimama ndani ya kile cha kwanza.

"Hiki cha Mami," akasema. Akaruka mstari. "Hiki cha Kuka." Kuka ni babu, ndivyo anavyomwita baba mdogo. Akaruka tena. "Hiki cha Kuka." Akaruka tena, mbio, kama anacheza kibao, ule mchezo wa kuruka mistari iliyochorwa chini, na wenzake. "Na hiki cha Kuka."

Mzee wa kijiji alivifuata kwa fimbo yake, akielekeza, midomo ikihesabu. Akarudia. "Haki ya Mungu," akasema.

Nilikuwa nimejiandaa kwa mambo mawili, abishe au ashangae. Nilikuwa hata nimemtafutia udhuru njiani, kwamba naye alichapwa na mwalimu fulani zamani, kwamba sisi sote pale barabarani tulikuwa wajinga pamoja. Baba mdogo hakufanya lolote kati ya hayo. Alipukuchua hindi alilokuwa nalo mkononi hadi likaisha, akatupa gunzi.

"Nilijua," akasema. "Siyo siku ile. Siku ile sikujua, naapa. Nilijua mavuno ya kwanza. Gunia ziliniambia. Mtu hahitaji shule ili ahesabu gunia."

"Na ukaniambia ni mbolea."

"Sasa ningesema nini?"

"Ungesema!"

"Mayi, wewe ndiye ulisema thelathini na tano. Mimi nilikunja tu kamba."

Ni kweli. Mdomo wangu ndio uliosema, mbele ya wanaume watano, nikiwa nimesimama wima.

Mzee wa kijiji akaomba karatasi. Aliisoma polepole, kidole kikifuata ule mwandiko wangu mzuri. "Hapa mwanzo inasema nusu ya shamba. Hapa mbele inasema hatua thelathini na tano kwa thelathini na tano. Maneno mawili yanapigana ndani ya mstari mmoja. Nani aliandika?"

"Ni mimi."

"Basi, mayi, sijui nikusaidie vipi. Umejipiga na fimbo yako."

"Marehemu alisema nusu. Wewe ulikuwepo. Sikio lako lilisikia."

"Nilisikia. Lakini hii ndiyo ina sahihi."

Hapo baba mdogo akainuka, akajipangusa magoti, sauti imekuwa ya upole. "Sikilizeni. Mimi si mtu mbaya, huyu ni mtoto wa ndugu yangu. Nitamwongezea. Tufanye arobaini kwa arobaini. Hatua tano upande huu, hatua tano upande ule. Aandike ingine, tutie sahihi, tunywe chai, tuache kelele."

"Eeh, hiyo ni utu," mzee wa kijiji akasema, na niliona mabega yake yakishuka kwa nafuu. "Chukua, mayi. Hatua kumi si mchezo."

Wakanigeukia wote wawili. Ilikuwa ni siku ile ile tena. Niliisikia ile "sawa" ikipanda, tayari imefika kwenye meno, ile raha ya kuulizwa, ile hamu ya watu wasiseme mimi ni wa kununa. Nikachuchumaa. Nikachukua kijiti nikaandika kwenye udongo, mimi mwenyewe, sikumwomba mtoto. Arobaini mara arobaini, elfu moja mia sita. Nusu ya elfu nne mia tisa, elfu mbili mia nne hamsini.

"Hapana," nikasema.

"Unakataa hatua kumi?"

"Nakataa. Hata ukiongeza hizo, bado haijafika nusu. Bado sana."

"Ati bado sana! Unataka ngapi?"

Mtoto alikuwa amechuchumaa kando yangu, ameshika kijiti chake. "Arobaini na tisa mara arobaini na tisa ni elfu mbili mia nne na moja. Hamsini mara hamsini ni elfu mbili mia tano. Nusu haina kipeuo kamili, Mami. Iko katikati ya hizo."

"Huyu anasema nini?" baba mdogo akauliza.

"Anasema arobaini na tisa."

"Si useme tu hamsini kama watu wengine!"

"Hamsini nitakuwa nimekuibia," nikamwambia. "Mimi siibi. Arobaini na tisa kwa arobaini na tisa. Kinachobaki hapo kidogo kaa nacho."

Alicheka. Halafu alipoona sicheki, aliacha. "Basi kaa na robo yako," akasema, akarudi kwenye kigoda chake, akachukua hindi lingine. Mzee wa kijiji alikunja karatasi yangu akanirudishia, akatafuta njia nyingine ya kwenda kwake isiyopita nilipokuwa nimesimama. Chai ilikuwa imeshamiminwa. Hatukuinywa. Nilikumbuka wale wazee wa matanga nikaona leo ni zamu yangu.

Nilienda kwa chifu. Chifu aliahirisha, kisha akaahirisha tena, kisha akasema nilete mpimaji wa serikali. Naendelea kungoja huyo mpimaji. Watu wa Ndalu wanasema nimekuwa mkali, kwamba mwanamke aliyekaa mjini peke yake huwa hivyo. Sawa. Nimekuwa mkali. Nilikuwa mpole miaka yote na mnaona nilivunishwa nini.

Ile Desemba, tukingoja gari kando ya barabara, mtoto aliniuliza, "Mami, huyo mwalimu wako alikuchapa ngapi?" Nilikuwa nimemsimulia.

"Nane."

Akafikiri. "Si angekuonyesha tu."

"Angenionyesha tu." Kisha nikasema, "Na mimi ningekuuliza tu. Ile siku ya vifuniko." Hiyo ndiyo samahani niliyoweza. Hakusema ni sawa, na haikuwa sawa. Alisogea akaegemea begi langu, siyo mimi, begi.

Mwezi wa tatu mvua zilipoanza nilienda nikalima kona yangu, nikapanda. Nilipomaliza nilienda kwenye kona ya barabarani, nikageuza mgongo kwa ua, nikatembea nikihesabu kwa sauti. Nilivuka mkonge wake bila kusimama. Hatua ya arobaini na tisa nikapiga kigingi. Nikarudi, nikatembea kando ya ua, arobaini na tisa, nikapiga kingine. Jumamosi iliyofuata vilikuwa vimeng'olewa na kulazwa juu ya mpaka wa mkonge, viwili pamoja, kwa adabu kabisa. Nikavipiga tena. Ameving'oa mara sita sasa. Hatusemezani. Mimi navuna magunia yangu manne, yeye anavuna yake, na kila ninapokuja napima.

Siku hizi mtoto huchukua upande mmoja na mimi mwingine. Tunaanza pamoja pale konani, yeye anafuata barabara, mimi nafuata ua. Tukifika arobaini na tisa kila mmoja anageuka, anaingia ndani hatua nyingine arobaini na tisa, tukutane kwenye ile kona ya nne, ambayo hakuna aliyeipima siku ile ya kwanza. Iko katikati ya mahindi ya baba mdogo. Mwezi wa saba yakiwa yamepita kichwa hatuonani kabisa, majani yanakata uso, basi tunaitana kwa namba. "Arobaini na sita!" ananiita kutoka upande wake. "Arobaini na saba!" namjibu, na baba mdogo pale nje kwenye kigoda chake anatusikia.